Noble Johnson: sauti ilipoingia kwenye filamu, yeye akapewa kunyamaza

Kila ninapopokea vijana wapya wa kufundisha kazi ya sauti, somo la kwanza huwa dakika chache za King Kong, filamu ya sokwe mkubwa ya mwaka 1933. Wageni wametoka melini, wamejificha kwenye vichaka wakichungulia ngoma ya wenyeji wa kisiwa. Mkuu wa kisiwa anawaona. Ngoma inakatika. Anaanza kuwafuata, taratibu, na hapo ndipo ninapowaambia vijana wafumbe macho wasikilize tu. Muziki wa Max Steiner unatembea naye: mguu ukitua, okestra nayo inatua. Hata bila kuona, unajua mtu huyu ni mzito, anasogea, na hana haraka.

Mwenye miguu ile ni Noble Johnson. Sokwe anajulikana dunia nzima, ila huyu ukimtaja watu wanakutazama tu. Mimi nimekaa na kazi zake miaka mingi, na nazipenda, kwa sababu zinaeleza jambo ambalo historia ya sinema hulipita mbio. Tunaambiwa kwamba sauti ilipokuja, waigizaji walianza kusema. Si wote. Johnson alikuwa na zaidi ya miaka 10 ya kazi wakati huo, na alichopewa yeye kilikuwa hatua za miguu.

Alizaliwa mwaka 1881 huko Marshall, Missouri, akakulia Colorado Springs, ambako baba yake alikuwa mtu wa farasi. Shuleni alikuwa pamoja na Lon Chaney, ambaye baadaye aliitwa mtu mwenye nyuso 1,000. Johnson mwenyewe alichunga ng'ombe na kufanya kazi za farasi hadi utu uzima. Mwaka 1914 kampuni ya Lubin ilikuwa Colorado ikipiga filamu ya makauboi, mwigizaji mmoja akaumia, wakahitaji haraka mtu mrefu, mwenye nguvu, asiyeogopa farasi. Alikuwa na miaka 33. Kazi ya machungani ikaishia hapo.

Sasa lazima nieleze kidogo habari za mkanda, maana bila hilo hutaelewa alivyofika mbali. Johnson alikuwa Mmarekani mweusi, rangi yake maji ya kunde. Mkanda uliotumika kwenye filamu bubu ulikuwa othokromatiki: uliona buluu na kijani, lakini nyekundu haukuiona kabisa. Midomo ilitoka myeusi, mashavu yenye wekundu yalitoka kama yamepakwa masizi, macho ya buluu yakapauka. Ndiyo maana kila mwigizaji, mweupe kwa mweusi, alipakwa rangi nzito usoni kabla ya kusimama mbele ya kamera. Rangi ya mtu kwenye kioo ilikuwa ya kutengenezwa. Na kwa kuwa sauti haikuwepo, lafudhi nayo haikuwepo; aliyetaka kujua mhusika anatoka wapi alisoma kibao cha maandishi.

Kwa hiyo Johnson akawa watu wa kila taifa. Alikuwa Mhindi Mwekundu, akawa Mmeksiko, akawa Mwarabu. Katika The Four Horsemen of the Apocalypse ya 1921 ni mmoja wa wale wapanda farasi wanne wenyewe. Mwaka 1922 alikuwa Ijumaa, yule mwenzake Robinson Crusoe kisiwani. Mwaka 1924 pekee utamkuta mwanamfalme wa India akishindana na Douglas Fairbanks katika The Thief of Bagdad, kisha chifu wa walaji watu mbele ya Buster Keaton katika The Navigator. Stelingi hakuwa yeye. Lakini ukizitazama utaona kila mhusika ana mwendo wake. Mwanamfalme hatembei kama chifu, mabega yao hayafanani, hata namna ya kugeuza shingo ni tofauti.

Kuna jambo alilolifanya ambalo ndilo ninalolithamini kuliko yote. Mwaka 1916, akiwa bado mwajiriwa wa Universal, kampuni kubwa ya filamu, alikuwa rais wa kampuni mpya iliyoitwa Lincoln Motion Picture Company, kampuni ya watu weusi wakitengeneza filamu za watu weusi. Ndugu yake, George, mfanyakazi wa posta huko Omaha, alishughulikia usambazaji akiwa hajaacha kazi ya barua. Filamu yao ya kwanza iliitwa The Realization of a Negro's Ambition. Noble ndiye stelingi: kijana mhandisi aliyehitimu Tuskegee, chuo cha watu weusi, anakwenda California kutafuta kazi kwenye visima vya mafuta, ananyimwa kwa sababu ya rangi yake, kisha anamwokoa binti wa tajiri wa mafuta na kupewa nafasi. Akiwa kazini anagundua kwamba ardhi ile inafanana na ya shamba la baba yake. Anarudi nyumbani, anachimba, mafuta yanatoka.

Mhandisi mweusi ndani ya filamu ya 1916! Mwaka mmoja tu nyuma Marekani ilikuwa imejaza kumbi kutazama filamu iliyowatukuza Ku Klux Klan, kundi la Wazungu lililowatesa watu weusi. Watu weusi walimpenda Johnson waziwazi. Ila humo humo ndimo tatizo lilimokuwa: kumbi za mitaa yao zilikuwa zinaonyesha pia filamu za Universal ambamo Johnson huyo huyo alikuwa mwigizaji msaidizi, na watu walichagua kwenda kumwona pale alipokuwa stelingi. Kampuni kubwa haikutaka kushindana na mwajiriwa wake. Mwaka 1918 Johnson alijiuzulu Lincoln. Simlaumu hata kidogo. Lincoln haikuwa ikimlisha. Yeye ndiye aliyekuwa akiilisha, kwa mshahara wa upande wa pili.

Kisha, Oktoba 1927, ikaja The Jazz Singer, filamu ndefu ya kwanza ambamo waigizaji walisikika wakisema, na ndani ya miaka mitatu Hollywood karibu yote ilikuwa inarekodi sauti. Sisi wa kazi hii tunapenda kusimulia vituko vya siku zile: kamera iliyofungiwa ndani ya kibanda ili mngurumo wake usisikike, maikrofoni iliyofichwa ndani ya chombo cha maua, waigizaji wakilizunguka ua hilo kama nyuki. Taa za kaboni zilikuwa zinalia, zikaondolewa, zikaletwa taa za balbu. Mwanga wa taa hizo uliendana na mkanda mpya wa pankromatiki, ambao uliona rangi zote, nyekundu ikiwemo. Kwa hiyo mambo mawili yalimfika Johnson kwa pamoja: kamera ikaanza kuiona ngozi yake, na maikrofoni ikaanza kuuliza anatoka wapi.

Alikuwa na sauti nzito, nzuri, ya kifuani. Ungetegemea wangeitumia. Lakini katika filamu za wakati ule, maneno ya mtu mweusi yalikuwa ya mtumishi wa kuchekesha, mwenye Kiingereza cha kuvunjwavunjwa kwa makusudi. Johnson, kwa umbo lake na uzito wake, hakuingia kwenye kiatu hicho, na kiatu kingine hawakumshonea. Walimpa Queequeg, mrusha chusa wa Moby Dick ya 1930. Halafu angalia mwaka 1932 peke yake. Katika The Mummy ni Mnubi anayetawaliwa akili na Boris Karloff. Katika The Most Dangerous Game ni Ivan, mtumishi ambaye ni bubu.

Ivan ni Mkosaki wa Urusi, Mzungu, na Johnson amepakwa rangi ya kumpausha na kubandikwa ndevu. Nitazame naye kidogo. Mtu aliyenusurika meli kuzama anaingia kwenye jumba, mlango unafunga nyuma yake, anageuka: Ivan yuko pale pale, kimya, alikuwa nyuma ya mlango muda wote. Mgeni anamsemesha, hajibiwi. Mwenye nyumba anashuka na kueleza kwamba Ivan hasemi lugha yoyote. Baadaye kidogo anamwamuru atabasamu. Sasa mtazame usoni. Midomo inafunguka kwa amri, macho hayashiriki, na tabasamu linabaki pale muda mrefu kuliko inavyopaswa. Ni uigizaji wa filamu bubu ndani ya filamu yenye sauti, na kwangu ndilo jambo zuri kuliko yote katika tukio lile.

Msitu wa filamu hiyo ndio uliotumika pia kwa King Kong, na hapo hatimaye Johnson akaruhusiwa kupaza sauti. Kwa lugha ya kubuniwa. Ndani ya hadithi nahodha anasema inafanana na lugha ya watu wa kisiwa cha Nias, huko Indonesia. Johnson anaitamka kwa mamlaka kiasi kwamba hutamani kujua tafsiri, unatii tu.

Aliendelea hadi 1950. Wengi waliong'ara wakati wa filamu bubu walikuwa wamesahaulika zamani, yeye akaitwa tena na tena: mkuu wa wapagazi katika Lost Horizon, mfu anayetembea katika The Ghost Breakers ya 1940, na mwaka 1949, akiwa na miaka 68, Mhindi Mwekundu aitwaye Red Shirt katika filamu ya John Ford. Alifariki Januari 1978, California, akiwa na miaka 96.

The Most Dangerous Game inapatikana bure mtandaoni, na nakala zake nyingi zina sauti safi kiasi. Ile ya mhandisi wa Tuskegee imepotea, hakuna riili iliyobaki. George alikuwa mtu wa kutunza karatasi: barua, matangazo, vipande vya magazeti, vyote viko Chuo Kikuu cha California, Los Angeles, na humo hadithi ya filamu ile imeandikwa. Nikimaliza somo la King Kong huwa nawasimulia vijana hadithi hiyo hadi pale mafuta yanapotoka, kisha tunavaa spika za masikioni na kuanza kazi.