Kibali cha kambi si ruhusa ya mtu: kwa mnaorekodi filamu za wakimbizi

Malalamiko ya video zilizopostiwa bila ruhusa ya wahusika yanazidi kutufikia sisi wa Ofisi ya Kamishna wa Ulinzi wa Data, kwa hivyo leo naongea na nyinyi wa dokumentari, hasa mnaoenda kwenye kambi za wakimbizi za Kakuma na Dadaab hapa Kenya. Najua nia yenu ni nzuri na kazi yenu inahitajika sana. Kakuma ipo tangu 1992, kuna watu wamezaliwa pale wakasomea pale wakafungua maduka pale, na wakimbiaji 5 wa timu ya wakimbizi ya Olimpiki ya Rio 2016 walitoka hapo hapo. Hizo stori lazima zionekane.

Lakini tafadhali, ukipata kibali cha Idara ya Huduma za Wakimbizi na leseni ya kurekodi, usifikirie kila sura kambini imeshakuwa yako. Hapana! Kibali kinakupitisha getini tu. Sura ya mama aliyekimbia Kivu ni data yake binafsi kwa Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019, na pengine ameacha kaka yake kule karibu na wenye bunduki, ambao nao wana simu na wanaangalia YouTube kama sisi.

Ridhaa inatolewa kwa hiari. Ukishuka kwenye gari la shirika linalogawa chakula, yule mama atakubali chochote akihofia mgao wake, na fomu ya Kiingereza asiyoweza kuisoma haikusaidii kitu, maana kisheria anayetakiwa kuthibitisha kwamba ridhaa ilitolewa ni wewe. Mweleze kwa lugha yake filamu itaonyeshwa wapi, rekodi jibu lake, muachie namba yako, kwa sababu ana haki ya kuondoa ridhaa wakati wowote, ila kilichofanyika kihalali kabla hajaiondoa kinabaki halali. Kwa mtoto ni mzazi au mlezi anayekubali, mwalimu wa darasa hatoshi. Mwaka 2023 shule moja ilipigwa faini ya shilingi 4,550,000 kwa kuposti picha za watoto bila ruhusa ya wazazi.

Halafu kuna hii ya "mimi ni msanii, kifungu cha 52 cha Sheria ya Ulinzi wa Data kinanilinda". Kinakulinda ikiwa una sababu za msingi za kuamini filamu ina maslahi kwa umma NA kwamba kufuata sheria kungegongana na kazi yako. Sasa kumuuliza mtu kama jina lake litajwe au lisitajwe kunagongana na nini? Mikono inayokanda unga, sauti, mgongo wa mtu anayebeba maji, vyote vinaonyesha ustahimilivu bila kumuanika mtu.

Faini inafika shilingi milioni 5, au kwa kampuni asilimia 1 ya mauzo ya mwaka uliopita, kile kilicho kidogo. Na wewe mkimbizi uliyejiona mtandaoni bila kukubali, hifadhi linki na screenshot, lalamika kwetu kwa maandishi au hata kwa mdomo, tutakuandikia sisi. Sheria inatupa siku 90 kuchunguza na kumaliza.