Mke Mvumilivu wa Kwenye Filamu

Katika kazi ya ushauri nasaha hapa Mwanza, nimesikia kupita kiasi kauli moja kutoka kwa wanawake wa Igoma, Kirumba na mialo ya dagaa: "Nikivumilia, atabadilika." Imani hiyo hulishwa kila siku na filamu ambazo mke hupigwa sehemu ya kwanza na ya pili, hulazwa hospitali, kisha mume hupiga magoti kando ya kitanda na hadithi ikaishia hapo.

Ukweli ni kwamba magoti hayo ni sehemu ya mzunguko wenyewe wa ukatili: kipigo, majuto, zawadi, utulivu, kisha kipigo kingine, mara nyingi kikali zaidi. Uvumilivu wa anayepigwa haumrekebishi anayepiga. Tena lipo tendo ambalo filamu huliita hasira za mapenzi, nalo hunitisha kuliko yote: kukabwa koo. Mama huingia amejifunga mtandio shingoni kwenye joto kali, sauti imekwaruza, na weupe wa macho una vidoa vyekundu. Mwingine hana alama yoyote, ilhali mishipa ya shingo imeumia ndani na madhara yaweza kujitokeza siku kadhaa baadaye. Aliyewahi kukabwa na mwenzi wake yumo katika hatari kubwa zaidi ya kuuawa naye. Nawasihi mashangazi na viongozi wa dini: acheni kumuuliza alimkosea nini mumewe. Muulizeni kama amewahi kukabwa, na kama ni juzi au leo, mpelekeni hospitali mara moja. Wala asimtangazie mume kwamba anaondoka, kwa kuwa kipindi cha kuondoka ndicho cha hatari zaidi. Atafutiwe kwanza pa kwenda, kimyakimya.

Wapo pia wanaodai kwamba mateso ya mwanamke huzaa sanaa nzuri. Mchoraji Mwingereza Millais alipomchora Ophelia, msichana anayekufa maji katika tamthilia ya Shakespeare iitwayo Hamlet, akielea mtoni, katika picha aliyoikamilisha mwaka 1852, msichana aliyeitwa Elizabeth Siddal alilala ndani ya hodhi la kuogea ili achorwe. Taa za kupasha maji zikazimika, akaugua, na baba yake akamdai mchoraji gharama za daktari. Watazamaji wa picha hiyo husifu maua yake tu.

Ama wazee wa kwenye filamu wanaomrudisha mke kwa hoja kwamba mila humruhusu mume kumwadhibu, kifungu cha 66 cha Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya mwaka 1971 kinakataza mtu kumpiga mwenzi wake kwa kisingizio cha adhabu, hata kama mila zinasema vinginevyo. Malalamiko ya kipigo hupokelewa kwenye dawati la jinsia na watoto la polisi, ambako majeruhi hupewa pia PF3, fomu ya polisi ya kwenda nayo kutibiwa.