Wolfgang Kohlhaase: Mwandishi wa Skripti Mwenye Sikio la Mtaani

Wanafunzi wanaojiunga na idara yetu ya filamu huwataja waongozaji na waigizaji bila kusita, lakini ukiwauliza nani aliandika skripti, wengi hutazamana. Basi tumtazame Wolfgang Kohlhaase, Mjerumani aliyezaliwa Berlin mwaka 1931 na kufariki dunia mwaka 2022, ambaye aliishi kwa kazi hiyo kwa takriban miaka 70.

Alianza angali kijana kama mwandishi wa habari, kisha mwaka 1950 akaingia DEFA, kampuni ya filamu ya dola ya Ujerumani Mashariki yenye studio Babelsberg. Naamini gazeti ndilo lililomnoa sikio. Katika Berlin – Ecke Schönhauser ya 1957, iliyoongozwa na Gerhard Klein, vijana wanaopiga soga chini ya reli ya juu huzungumza Kijerumani cha mtaani kwao, wala si cha majukwaa ya chama tawala cha kikomunisti. Wakubwa hawakupendezwa. Filamu nyingine ya wawili hao, Berlin um die Ecke, ilizuiwa baada ya kikao cha chama cha Desemba 1965, ikakaa kabatini miaka ipatayo 20.

Hakuhamia Ujerumani Magharibi, wala hakuacha kuandika. Mwaka 1968 aliandika Ich war neunzehn (“Nilikuwa na miaka 19”) pamoja na mwongozaji Konrad Wolf, aliyerejea Ujerumani mwishoni mwa Vita vya Pili vya Dunia akiwa na umri wa miaka 19 ndani ya sare za jeshi la Kisovieti, ilhali Kohlhaase mwenyewe alikuwa mtoto wa upande ulioshindwa. Mwaka 1980 ikafuata Solo Sunny, kisa cha mwimbaji anayemwambia mgeni wake asubuhi kwamba kifungua kinywa hakimo, na mgeni akitaka kuhoji, anajibiwa kuwa mjadala nao haumo. Sentensi mbili fupi, na tabia nzima ya mtu imeshaonekana.

Ukuta wa Berlin ulipoanguka, DEFA ilikwisha lakini yeye aliendelea: Der Hauptmann von Köpenick ya televisheni (1997), kisha Sommer vorm Balkon (2005) aliyoiandika kwa ajili ya mwongozaji Andreas Dresen. Tamasha la filamu la Berlin lilimtunuku tuzo yake ya heshima, Dubu wa Dhahabu, mwaka 2010. Hata Persischstunden ya 2020 ilichipuka kutoka hadithi yake fupi ya zamani, kuhusu mfungwa wa kambi ya Wanazi anayejiokoa kwa kubuni lugha na kuifundisha akidai ni Kiajemi, huku akilazimika kuyakariri maneno yake mwenyewe, kwani kusahau moja tu kungeweza kumgharimu uhai.