Je, wajua kwa nini filamu ya kwanza ya Wuthering Heights haionekani tena?

Mwaka 1920 kampuni ya Ideal ya Uingereza ilitoa filamu bubu ya Wuthering Heights, riwaya ya mapenzi na visasi ya Emily Brontë iliyochapishwa mwaka 1847. Mwongozaji A. V. Bramble aliwapeleka waigizaji, akiwemo Milton Rosmer aliyecheza Heathcliff, mhusika mkuu wa kiume, hadi Haworth, kijiji alikoishi Brontë mwenyewe. Leo hakuna nakala hata moja inayojulikana.

Kwa miaka mingi niliamini filamu za aina hii ziliteketea kwa moto. Si uongo mtupu: mwaka 1937 ghala la Fox, kampuni ya filamu ya Marekani, huko Little Ferry, New Jersey, liliungua na sehemu kubwa ya filamu zake bubu. Lakini moto haukuwa peke yake. Sinema zilipoanza kutoa sauti, nakala nyingi zilitupwa kwa kukosa watazamaji. Nyingine ziliyeyushwa ili kupata madini ya fedha yaliyomo kwenye picha. Na nyingine zilijifia zenyewe rafuni, ndani ya mkebe uliofungwa vizuri, bila kuguswa na mtu.

Zilioza. Utepe wa enzi hiyo ulikuwa wa nitreti ya selulosi, aina ya plastiki ya zamani. Kadiri miaka inavyopita hutoa gesi. Gesi ikikutana na unyevu huwa asidi. Asidi huula utepe, nao huzidi kutoa gesi. Ni kama ndizi zilizovundikwa: inayotangulia kuiva hutoa hewa inayoziivisha nyingine, na ukiziba vizuri ndivyo zinavyowahi. Mkebe uliokusudiwa kuilinda filamu ndio unaoivundika. Picha hufifia, utepe hunata, hutoka mapovu, hushikana ukawa donge, kisha hubaki unga wa kahawia.

Ukubwa wa hasara unashtua. Utafiti uliotolewa na Maktaba ya Bunge la Marekani mwaka 2013 ulikuta kwamba, kati ya filamu ndefu bubu karibu 11,000 zilizotengenezwa huko kuanzia 1912 hadi 1929, ni asilimia 14 tu zilizosalia katika umbo lake la awali. Hiyo ni hesabu ya Marekani, haifai kubebeshwa Uingereza.

Hata hivyo nitreti haina tarehe maalumu ya kufa. Nakala zilizotunzwa penye baridi na ukavu zimepita miaka 100, picha zake bado angavu ajabu. Ndiyo maana wahifadhi huziweka kwenye vyumba vya baridi, na wakifungua mkebe hutanguliza pua: harufu kali inayochoma huwaambia kuoza kumeanza.