Neno "tu" na uchumi wa huduma: somo kutoka Manyatta, Kisumu

Tulikuwa Manyatta, Kisumu, mimi na wanafunzi wangu wa mwaka wa pili, tukijaza dodoso la kazi na mapato nyumba kwa nyumba. Mwanafunzi mmoja alimsalimia mama aliyeketi kivulini mbele ya kibanda cha mabati, kisha akamuuliza, "Mama, unafanya kazi gani?" Mama akajibu bila kuinua uso, "Sina kazi, mwanangu. Nasuka tu." Vidole vyake havikusimama. Kati ya magoti yake alikaa msichana, nusu ya kichwa imeshasukwa mistari iliyonyooka kama matuta ya viazi, nusu nywele bado zimetimka. Kwenye benchi wateja wengine wawili walingoja zamu. Mwanafunzi wangu akaandika: hana kazi.

Nimefundisha uchumi miaka mingi na jibu hilo nimelisikia kwa sauti nyingi. Nabeba tu watu na pikipiki. Nafulia tu watu nguo. Nakaa tu dukani pa M-Pesa. Neno hilo dogo, "tu", linaniuma kwa sababu nyuma yake imejificha zaidi ya nusu ya pato la taifa letu. Kilimo, tunachokitaja kila siku kuwa uti wa mgongo wa Kenya, huchangia takriban sehemu moja kwa tano. Viwanda havifiki asilimia 10. Sehemu kubwa ya kinachobaki ni huduma, na inatoka kwa watu wengi wanaoamini kwamba hawana kazi.

Tangu serikali ianzishe vituo vya Huduma Centre mwaka 2013, Mkenya akisikia neno huduma anawaza foleni ya kitambulisho na cheti cha kuzaliwa. Katika uchumi neno hili ni pana zaidi. Ni kazi yoyote unayoilipia bila kubeba kitu kipya kwenda nacho nyumbani: kusafirishwa, kufundishwa, kutibiwa, kunyolewa, kulindwa usiku, kutunziwa fedha, kutengenezewa simu. Biashara yenyewe ni huduma pia. Muuzaji wa sukari hakuitengeneza sukari. Anachokuuzia ni kule kuisogeza karibu na mlango wako, kwa kipimo unachokimudu.

Nenda Dunga, ufuo wa wavuvi hapa Kisumu, asubuhi boti zinapofika. Ngege akishapimwa pale ufuoni, mvuvi hupokea pesa yake na kazi ya uvuvi imekwisha. Tuseme ni shilingi 300. Adhuhuri samaki yule yule amelala kwenye sahani mjini, amekaangwa, amemwagiwa mchuzi wa nyanya na kitunguu, pembeni ugali na sukuma wiki, na mteja analipa 700. Nambari hizi ni za mfano, maana bei hupanda na kushuka, lakini pengo lenyewe lipo kila siku. Toa 120 za unga, mafuta, makaa na mboga. Zile 280 zilizobaki zimeenda kwa mama aliyempara magamba, dereva wa tuktuk aliyemfikisha mjini kabla jua halijawa kali, mwanamke wa soko aliyemnunua kwa jumla na kumuuza kwa mkopo, mpishi anayejua mafuta yakiwa moto kiasi gani ngozi haitanata, mhudumu aliyekuletea maji ya kunawa kabla hujaomba, mwenye jengo, na mlinzi wa usiku. Hakuna hata mmoja wao aliyemwongezea samaki uzito. Wote wamemwongezea thamani.

Wasomi wenyewe walichelewa kuliona jambo hili. Adam Smith, mwaka 1776, aliwaweka watumishi wa nyumbani, mawakili, madaktari na wanamuziki katika kundi la wasiozalisha, kwa hoja kwamba kazi yao hupotea papo hapo inapotendeka. Ilipita zaidi ya miaka 150 kabla Allan Fisher, kisha Colin Clark mwaka 1940, kuonyesha kwa takwimu kwamba kadiri nchi inavyotajirika watu hutoka mashambani, wakaingia viwandani, halafu wakahamia kwenye huduma. Leo huduma ni karibu theluthi mbili ya pato la dunia. Marekani na Uingereza, takriban wafanyakazi 8 kati ya 10 wako kwenye huduma.

Sisi wa magharibi mwa Kenya hatuna haja ya kwenda mbali kutafuta mfano. Kisumu haikuzaliwa na kiwanda. Reli ilifika ziwani Desemba 1901, mahali palipoitwa Port Florence, na tangu hapo kazi kubwa ya mji ilikuwa kupokea, kupakia, kuvusha na kuhesabu mizigo ya kwenda na kutoka Uganda. Boda boda nayo, ambayo sasa imejaa Afrika Mashariki yote, chimbuko lake ni Busia, ambako vijana wa baiskeli walivusha watu mpakani kati ya kituo cha Kenya na kile cha Uganda. Huo ulikuwa uvumbuzi halisi wa kiuchumi, na ulitoka hapa mpakani petu.

Kwa nini basi kazi hizi, zikiwa na thamani yote hiyo, hulipa kidogo? Jibu moja limo ndani ya huduma zenyewe. Huduma haiwekwi ghalani. Mkulima wa Kitale anaweza kukausha mahindi yake akasubiri bei ipande. Kiti cha matatu kilichoondoka steji ya Kisumu kwenda Busia kikiwa kitupu kimepotea, na hakuna atakayekiuza tena. Saa tatu ambazo msusi amekaa bila kichwa mkononi haziwezi kuhamishiwa Jumamosi wateja wanapofurika. Tena mnunuzi hawezi kuikagua huduma kabla. Nyanya utaibinya kabla ya kulipa, lakini sindano ya zahanati huwezi kuibinya. Unamlipa mtu kwa kumwamini, na ndiyo maana leseni, vyeti na sifa njema ni sehemu ya bidhaa yenyewe.

Kuna jambo la tatu, na hili nalisisitiza kwa sababu linagusa bajeti za kaunti zetu. Mistari midogo kichwa kizima ilichukua saa nne nilipokuwa kijana, na bado inachukua saa nne. Mashine ya kushona inaweza kuongeza kasi mara kumi, lakini vidole vya msusi haviongezeki. Mwaka 1966 William Baumol na William Bowen walilieleza hili kwa mfano wa wanamuziki wanne wanaopiga muziki wa Schubert, mtunzi wa zaidi ya karne moja kabla yao: wanahitaji dakika zile zile walizohitaji watangulizi wao zama za Schubert mwenyewe, ilhali ujira wao lazima upande pamoja na ujira wa wengine, la sivyo wataiacha kazi hiyo. Kwa hiyo simu huwa nafuu mwaka hadi mwaka, huku gharama ya mwalimu na muuguzi ikipanda. Kiongozi anayeahidi kwamba hospitali na shule zitaendeshwa kwa pesa ile ile ya miaka kumi iliyopita anaahidi madarasa yenye wanafunzi 80 na wodi zisizo na wauguzi.

Huduma zinaweza pia kuinua watu kwa haraka ya ajabu. M-Pesa ilipozinduliwa Machi 2007, haikumzalishia mtu hata gunia moja la mahindi. Ilifupisha safari ya pesa. Tavneet Suri na William Jack walifuatilia familia kwa miaka kadhaa, na mwaka 2016 wakachapisha makadirio yao katika jarida la Science: huduma za pesa kwa simu zilitoa kaya 194,000 za Kenya kutoka kwenye umaskini, na wanawake 185,000 waliacha kilimo cha kujikimu wakaingia katika biashara kama shughuli yao kuu. Fikiria mama wa Siaya ambaye zamani alipanda matatu hadi Kisumu kuchukua pesa aliyotumiwa. Siku nzima ilikwisha barabarani. Siku hiyo sasa anaitumia kuuza.

Pamoja na hayo, sitaki msomaji aondoke akidhani mji unaweza kula huduma peke yake. Webuye inatufundisha. Kiwanda cha karatasi cha Pan African Paper Mills kilipofungwa mwaka 2009, walioumia hawakuwa wafanyakazi wa kiwandani pekee. Vyumba vya kupanga vilipata kufuli. Mama wa chakula aliyezoea kusonga sufuria tatu za ugali kwa zamu moja alibaki na moja, na hiyo moja haikwishi. Kinyozi, fundi viatu, mwenye baa na dereva wa matatu walikuwa wakila mshahara wa kiwanda bila kuwahi kuvuka lango lake. Pesa ya kutoka nje ya mji ilipokatika, wakabaki kunyoana na kuuziana wao kwa wao.

Mwanauchumi Dani Rodrik amelichunguza jambo hili kwa upana na kuonya kwamba nchi nyingi zinaingia kwenye huduma kabla viwanda havijakua. Uingereza ilipitia kiwandani kwanza, mishahara ikapanda, ndipo watu wakawa na pesa ya kununua huduma za wenzao. Kijana wa Kakamega ametoka kwenye jembe akaruka moja kwa moja hadi kwenye pikipiki, na pale steji amewakuta ishirini wakingoja abiria wale wale. Nakubaliana na onyo hilo. Lakini sikubali tukae tukisubiri viwanda huku zaidi ya asilimia 80 ya ajira zetu nje ya kilimo kidogo zikiwa katika jua kali, yaani kazi zisizo rasmi, na biashara ndogo ndogo. Viwanda tuvitafute, na msusi tumshughulikie leo.

Siku ile Manyatta tulifuta lile jibu. Tukamuuliza mama maswali mengine, naye akajibu moja moja huku akisuka. Ana miaka 11 katika kazi hii. Amewafundisha wasichana sita, na wawili tayari wana saluni zao. Hajawahi kuandika mapato ya siku hata mara moja, kwa hiyo alipoomba mkopo katika chama chake cha akiba alipewa kiasi cha mtu asiye na kipato. Hapo ndipo "tu" inapogeuka hasara ya shilingi kamili. Daftari la shilingi 50, likijazwa kila jioni kwa miezi sita, ni ushahidi ambao afisa wa mikopo anaweza kuusoma. Ujuzi wake nao unaweza kupimwa: NITA, mamlaka ya taifa ya mafunzo ya viwandani, hutoa mtihani wa ufundi kuanzia gredi ya tatu hadi ya kwanza, na ususi umo, hata kwa mtu aliyejifunzia barazani. Akiba ya uzeeni anaweza kuiweka NSSF, mfuko wa taifa wa hifadhi ya jamii, kupitia mpango wa Haba Haba, kuanzia shilingi 25 kwa siku.

Yaliyobaki hayamo mikononi mwake. Kwa kuwa huduma haiwekwi ghalani, mtu huyu mtaji wake mkubwa ni saa, na kaunti ndiyo inayoweza kumwongezea saa hizo: maji karibu na soko, choo kinachofungika, barabara isiyojaa matope Aprili, na taa. Ile taa ndefu ya mtaani, tuliyoibandika jina la mulika mwizi, ikiwaka, msusi haondoki saa kumi na mbili na nusu. Anamaliza kichwa cha mwisho saa tatu usiku, na muuza samaki aliye pembeni yake hazimi jiko mpaka wateja wa msusi wamekula.