Joto la Kampala haliui chachu: yasemwayo kuhusu mkate wa chachu, na ukweli wake

Maelekezo mengi ya mkate wa chachu, yaani unaoumuliwa kwa unga na maji yaliyochachuka badala ya hamira ya paketi, yanayozunguka kwenye simu zetu yameandikwa na watu wa nchi za baridi. Ukiyafuata kama yalivyo ukiwa Kampala, mkate utakuharibikia, kisha watatokea wa kukwambia kwamba mambo haya si ya kwetu. Si ya kwetu vipi, na hapa Uganda Kigezi wanachachusha bushera ya mtama, Teso malwa ya ulezi na Buganda tonto ya ndizi, tangu zamani na bila hamira ya paketi?

Dhana ya kwanza ni kwamba lazima upate chachu ya kuanzia kutoka kwa mtu, ikiwezekana iliyotoka Ulaya. Sivyo. Chachu ni unga na maji tu, na muda. Wengine husema inanasa hamira hewani, lakini vijidudu vingi vimo kwenye unga wenyewe. Ndiyo maana unga wa atta, usiokobolewa sana, huanza upesi kuliko mweupe. Changanya gramu 50 za unga na gramu 50 za maji, funika bila kukaza. Kila siku bakiza kidogo, ongeza unga na maji kwa uzito sawa. Maji ya bomba yana klorini. Tumia yale yaliyochemshwa ya kunywa, yakishapoa kabisa.

Hapa ndipo wengi wanapokata tamaa. Siku ya pili mtungi unafurika povu, nyumba nzima inakuja kutazama. Siku ya tatu au ya nne, kimya. Wanasema imekufa, wanaimwaga. Kumbe lile povu la mwanzo lilitoka kwa bakteria wasiodumu. Uchachu unapoongezeka hao hushindwa, na nafasi yao hushikwa na hamira asilia pamoja na bakteria wa asidi ya laktiki, jamii ileile inayoipa bushera ukali wake. Endelea kulisha, yaani kuongeza unga na maji. Kwa kawaida wiki moja au mbili zinatosha mpaka ianze kupanda na kushuka kwa mpango.

Sasa hilo la joto, kwamba joto letu linaua chachu. Hamira hufa inapokaribia nyuzi 60 za Selsiasi, na hakuna jikoni Kampala lenye joto hilo, labda uuweke mtungi juu ya sigiri. Joto la nyuzi 27 au 28 haliui, linaharakisha. Chachu uliyoilisha unga kidogo hupanda, hushuka na kubaki na njaa kabla hujarudi kutoka kazini, nawe unadhani imekufa. Dawa ni kuipa chakula kingi: gramu 10 za chachu kwa gramu 50 za unga na 50 za maji. Donge nalo vilevile. Maelekezo yakisema liache usiku kucha liumuke, hayo ni ya nyumba ya nyuzi 20 au chini ya hapo. Kwetu usiku kucha ni mrefu mno. Asubuhi utakuta uji unaonata, umepoteza nguvu. Tazama donge, si saa: likikua kwa nusu yake au zaidi kidogo, na ukitikisa bakuli likatetemeka, limefika. Aliye Kabale, kwenye baridi ya milimani, ndiye mwenye haki ya kulilaza usiku.

Harufu kali si dalili ya kuoza. Maji ya kijivu juu ya chachu ni kileo na maji, maana yake ina njaa. Yakoroge ndani au yamwage, kisha lisha. Ila ukiona ukungu, au michirizi ya waridi au rangi ya machungwa, usibahatishe. Tupa yote. Na wanaosema kijiko cha chuma huharibu chachu, hilo nalo waliache: cha pua hakidhuru kitu.

"Sina oveni." Hata mimi sioni sababu ya kuinunua kwa ajili ya mkate tu. Chukua sufuria nzito yenye mfuniko, ipashe moto, weka donge juu ya karatasi ya kuokea, kisha palia makaa juu ya mfuniko na uache machache chini. Makaa mengi yawe juu. Chini yakizidi, kitako kitaungua na katikati pabaki pabichi. Na kama una kipimajoto, usisubiri zile nyuzi 98 za vitabuni. Kampala iko kama mita 1,200 juu ya usawa wa bahari, maji huchemka karibu nyuzi 96, na ndani ya mkate wenye unyevu hapavuki hapo. Ukingoja zaidi utaukausha.

La mwisho ni la afya, na hapa nina ukali kidogo, kwa sababu wanaouza mkate huu huzidisha sifa zake. Bakteria hai hawafiki mezani, moto umewaua. Kuchachusha hupunguza baadhi ya gluteni, protini ya ngano, lakini haiishi, kwa hiyo mgonjwa wa siliaki, ambaye gluteni hudhuru utumbo wake, asiuguse mkate wa ngano kwa kuwa tu umechachushwa. Mwenye kisukari naye ahesabu vipande vyake kama anavyohesabu vya mkate mwingine: wanga bado umo.