Tuzo Haijilipi Yenyewe: Dhana Potofu Kuhusu Kudai Mishahara Uliyoshinda

Wateja wanaofika ofisini kwetu hapa Mwanza, wawe wametoka kwenye viwanda vya minofu ya sangara au kwenye malori ya mizigo, huja na tuzo, yaani uamuzi wa mgogoro wa kazi uliotolewa na Tume ya Usuluhishi na Uamuzi (CMA), ikiwa na muhuri wake, na swali lao ni lile lile: "Wakili, hela inatoka lini?" Wengine wameshakaa na tuzo hiyo miezi mingi wakingoja kupigiwa simu.

Dhana: Ukishinda, Tume ndiyo itakayokukusanyia fedha.

Hii ndiyo inayonichosha kuliko zote, kwa sababu ndiyo inayowapotezea watu haki ambayo tayari wameipata. Chini ya Sheria ya Ajira na Uhusiano Kazini ya mwaka 2004, tuzo ya CMA hutekelezwa kupitia Mahakama ya Kazi kana kwamba ni hukumu ya mahakama, lakini mahakama haianzi mpaka mshindi mwenyewe apeleke maombi ya utekelezaji, kile ambacho wengi wetu tunakiita kukazia hukumu. Katika maombi hayo unataja tuzo, wahusika, kiasi kinachodaiwa na kile ambacho kimekwishalipwa, kisha unaieleza mahakama njia unayoitaka: kukamata na kuuza mali, kukamata fedha za mdaiwa zilizoko benki au kwa mtu mwingine anayedaiwa naye, au kifungo cha madai, yaani mdaiwa kufungwa kwa kutolipa deni.

Hapo ndipo watu hukwama, maana mahakama haina kazi ya kuzunguka Igoma na Nyakato ikitafuta mali ya mwajiri wako. Dalali wa mahakama hukamata mali uliyoitaja. Mteja akiniambia "wana mali nyingi, kila mtu anajua", huwa namuuliza ni mali gani, iko wapi na imesajiliwa kwa jina la nani, na mara nyingi hana jibu hata moja. Anayejua huja na vitu vidogo sana: hati ya mshahara, taarifa ya benki inayoonyesha mshahara ulitoka benki gani, namba ya gari lililokuwa likibeba maboksi ya minofu, jina la mnunuzi ambaye bado anadaiwa na kiwanda. Taarifa hiyo ya benki inaweza kuwa na thamani kuliko kurasa zote za tuzo, kwa kuwa fedha iliyoko kwenye akaunti haihitaji mnada wala mlinzi wa geti kumfungulia dalali. Ndiyo maana kila mfanyakazi, hata asiye na mgogoro, namshauri atunze kumbukumbu hizo nyumbani, si kwenye kabati la ofisi atakayofukuzwa.

Usipojua mali kabisa, unaweza kuiomba mahakama imwite mdaiwa, au ofisa wa kampuni, ahojiwe kuhusu mali zake. Njia hiyo haitumiki inavyostahili. Lakini usichelewe, kwa kuwa mwajiri anayejua kwamba anadaiwa hana sababu ya kuacha lori katika jina lile lile mpaka utakapokuwa tayari.

Dhana: Mwajiri akiomba marejeo, yaani mahakama iipitie upya tuzo, kila kitu kimesimama.

Hapana. Mwajiri ana wiki sita tangu alipopatiwa tuzo kuiomba Mahakama ya Kazi iitengue, lakini kufungua maombi hayo peke yake si zuio. Utekelezaji husimama pale mahakama inapoamuru usimame. Barua ya wakili wa mwajiri inayosema "suala liko mahakamani" si amri ya mahakama, na inanishangaza jinsi inavyowatisha watu wazima.

Dhana: Tumkamate tajiri mwenyewe, nyumba yake iko Capri Point.

Kama aliyekuajiri ni kampuni, mdaiwa ni kampuni. Mahakama zimewahi kufunua pazia la kampuni, yaani kuacha kuitenga kampuni na watu walio nyuma yake, na kumfikia mkurugenzi, lakini hilo linahitaji ushahidi, kwa mfano kwamba kampuni inatumika kuficha mali ili deni lisilipwe. Utajiri wake peke yake hautoshi. Vivyo hivyo, ukikamatisha gari la mtu mwingine, mwenye gari ataleta pingamizi, nawe utarudi nyuma miezi kadhaa.

Dhana: Akifungwa, deni limekwisha.

Kifungo cha madai hakifuti deni. Akitoka bado unamdai. Isitoshe, gharama za kumlisha mfungwa huyo hubebwa na wewe uliyeomba afungwe, jambo ambalo wateja wangu huligundua wakiwa wamechelewa kubadili mawazo.

Dhana: Halmashauri inalipishwa kama kiwanda.

Mali za Serikali hazikamatwi, na tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2020 kinga hiyo inazihusu pia mamlaka za serikali za mitaa. Huko dalali hana kazi: unaomba mahakama ikupe hati inayothibitisha deni, unaiwasilisha kwa ofisi inayohusika, kisha unafuatilia malipo kwa barua zenye muhuri wa kupokelewa.